Mbwa wako hamwezi chui, na usimtume akajaribu

Malipo ya korosho yakishaingia kwenye akaunti, swali linalonifikia zaidi hapa Masasi si la minyoo wala la kupe. Ni hili: "Dokta, ninunue mbwa gani atakayemweza chui?" Muulizaji huwa ameshapoteza mbuzi wawili watatu, na ameshaangalia video za kutosha kwenye simu. Mmoja anataja Pitbull, mwingine German Shepherd, na siku hizi Boerboel wa Afrika Kusini anatajwa mpaka vijiji vya ndani kabisa vya Nanyumbu. Jibu langu ni fupi: hayupo. Sababu zake ndizo ndefu kidogo, na ukizielewa utajua pia mbwa uliyenaye anakufaa kwa kazi gani, maana kazi anayo.

Tuanze na mizani. Mbwa wetu wa kienyeji, yule mwekundu mwenye mkia wa kujikunja anayefuatana na watu shambani, ana kilo 15 hivi, tena akishiba. German Shepherd dume ni kilo 30 hadi 40. Boerboel mkubwa hufika 80, naye yumo kati ya mbwa wazito kuliko wote duniani. Chui jike ana kilo 30 hadi 50, dume 50 hadi 70. Simba jike, ambaye ndiye anayewinda zaidi, ana kilo 120 au zaidi, na dume hufika 200 na ushee. Kwa simba basi hakuna ubishi wa kupotezea muda. Ubishi uko kwa chui, kwa sababu ukisoma namba tu, Boerboel anamzidi.

Kilo hazipigani. Ukitaka kuona tofauti yenyewe, mshike paka wa nyumbani mguu wa mbele, maana kwa maungo haya yeye na chui ni kitu kimoja. Geuza unyayo wake uelekee juu: unageuka bila taabu, karibu kama kiganja chako. Jaribu hivyo hivyo kwa mbwa. Utakwama njiani, kwa sababu mifupa miwili ya mkono wake imebanana. Imeumbwa kwenda mbele na kurudi nyuma, yaani kukimbia. Mtulinga wa mbwa, yaani ule mfupa wa mbele ya bega, nao umebaki kijipande tu kilichozama ndani ya nyama. Wa paka ni mdogo pia, lakini bega na kifua chake vimepangwa kwa kukumbatia. Mbwa hawezi kukumbatia adui. Anaweza kumrukia, kumsukuma na kumng'ata, basi.

Hapo ndipo pambano linapoamuliwa. Chui ana mikono miwili ya kushikia, na kucha zake hukaa ndani ya ala muda wote anapotembea, kwa hiyo hazichakai. Kucha za mbwa zinasagwa na ardhi kila siku. Ni za kumsaidia asiteleze. Chui akishamshika mbwa begani na mgongoni, mdomo wake unakuwa huru kuchagua pa kuuma, na huchagua koo au kisogo. Halafu kuna jambo ambalo wengi hulisahau: mbwa akiangushwa chali ameshindwa, ila chui akilala chali ndiyo kwanza ameingiza miguu ya nyuma kazini. Anamvuta mbwa kifuani kwa mikono na kumpasua tumbo kwa miguu. Boerboel wa kilo 80 anayemkalia chui juu amejiweka mahali pabaya kuliko pote.

Kwenye kuuma, tuwape mbwa haki yao. Mwaka 2005 Stephen Wroe wa Australia na wenzake walichapisha hesabu za nguvu ya taya za wanyama wengi, wakizilinganisha na uzito wa mwili. Mbwa mwitu alipata 142, simba 112, chui 94. Kwa kilo zake, basi, mbwa mwitu anauma vikali kuliko simba. Lakini simba ana kilo nyingi mno, na mnyama anayeumwa haumwi kwa uwiano. Tena ukoo wa mbwa una taya ndefu, wa kuuma na kuachia, kuuma na kutikisa, wengi kwa pamoja, mpaka windo lichoke. Chui ana uso mfupi na chonge ndefu. Anauma mara moja, anatulia, anangoja.

Majeraha yanaeleza haya vizuri kuliko mimi. Mbwa aliyeponea kwa chui akiletwa, ukimtazama juu juu utadhani ana nafuu: vitundu vinne, viwili upande huu wa shingo na viwili upande wa pili, na michirizi begani. Mwenyewe husema, "Dokta, mpake dawa tu, hajaumia sana." Nikinyoa manyoya na kuingiza kifaa taratibu kwenye kitundu, kinazama. Chini ya ngozi kuna mfuko mzima, nyama imetengana na ngozi, na mate ya paka yamekwisha kupanda vijidudu humo ndani. Kazi ya kwanza ni kuosha kwa maji ya chumvi safi, mengi, mpaka yanayotoka yawe meupe. Tundu lenyewe silishoni, naliacha wazi litoe uchafu, na mbwa anaanzishiwa antibayotiki siku hiyo hiyo. Anayeletwa baada ya siku nne, shingo imevimba na usaha unanuka, huyo mara nyingi tunampoteza.

Na si kila anayeletwa kwa jina la chui ameumwa na chui. Fisi naye yupo huku, na anakula mbwa vilevile. Nikikuta mfupa umesagwa na ngozi imechanwa vipande, bila mstari hata mmoja wa kucha, namwambia mwenyewe aache kumsingizia chui, akatengeneze zizi la kuzuia fisi. Hawafurahi. Chui ana heshima zaidi kama adui.

Kwa chui mbwa hata si adui, ni kitoweo. Kule Akole, jimbo la Maharashtra nchini India, chui wanaishi katikati ya mashamba ya watu. Watafiti walipochambua kinyesi chao, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2014, walikuta mbwa ni asilimia 39 ya uzito wa wanyama waliokuwa wakiliwa, kuwazidi hata mbuzi. Mbwa ana harufu kali, anapiga kelele na kujitangaza alipo, na hukutwa mahali palepale kila usiku. Hana pembe wala kwato.

Sasa najua wazee wa Newala watanicheka. "Mbona sisi tumemwona chui akipandishwa mtini na mbwa wa wawinda nguruwe?" Ni kweli, na si ajabu. Chui anawinda peke yake. Akivunjika chonge au akitiwa kilema mguuni, hakuna wa kumletea chakula. Fundi mwenye cherehani moja hagombani kwa kurusha cherehani. Kundi la mbwa likimzunguka huku likibweka, na nyuma yao kuna watu wenye mikuki, chui anaona hasara tupu, anapanda mtini. Hajashindwa nguvu. Mbwa mmoja kati ya hao akimfuata peke yake kichakani ndipo utaona nani alikuwa anamwogopa nani.

Pumzi nayo ina nafasi yake. Moyo wa simba ni kama nusu ya asilimia moja tu ya uzito wake. Wa mbwa unakaribia asilimia 0.8. Paka wakubwa ni wa mbio fupi na nguvu za ghafla, baada ya hapo wanahema. Mbwa anaweza kukaa anasumbua kwa muda mrefu, na binadamu waliutumia udhaifu huo zamani. Mbwa aina ya Rhodesian Ridgeback, ambaye vigezo vya ukoo wake viliandikwa Bulawayo mwaka 1922, alitumiwa na wawindaji wa simba, akiwemo Cornelius van Rooyen. Watu husikia "mbwa wa simba" wakadhani aliua simba. Kazi yake ilikuwa kumzunguka, kumbwekea, kumkwepa na kumchelewesha mpaka mwenye bunduki afike. Ridgeback aliyemvaa simba mwilini hakuzeeka.

Namibia wana mfano mwingine ninaoupenda zaidi, kwa sababu hauna bunduki. Tangu mwaka 1994 shirika la kuhifadhi duma linaloongozwa na Laurie Marker linawapa wafugaji mbwa wa Anatolia, wenye asili ya Uturuki, wanaolelewa na mbuzi tangu wakiwa wadogo. Duma akikaribia, mbwa anasimama kati yake na mbuzi na kubweka. Duma ni mwembamba, mwoga wa kuumia, naye anaondoka. Wafugaji wanafurahi, duma hapigwi risasi. Ila tusichanganye mambo. Duma si chui, na dawa iliyomtosha duma usiipeleke kwa simba wa Ruvuma.

Simba wa kwetu wana historia yao. Mwaka 2005 Craig Packer, Dennis Ikanda na wenzao walitoa hesabu ya mashambulizi ya simba nchini: kuanzia 1990 hadi 2004 waliuawa watu 563 na kujeruhiwa wasiopungua 308. Lindi na Mtwara zilikuwa kati ya sehemu zilizoumia zaidi. Mashambulizi yalipamba moto wakati wa mavuno, Machi hadi Mei, watu wanapolala shambani kwenye madungu kulinda mazao dhidi ya nguruwe pori. Nguruwe anafuata mahindi, simba anamfuata nguruwe, na katikati yuko mtu.

Hapo ndipo mbwa wako ana thamani ambayo haihusiani na meno. Pua na masikio yake vinajua dakika kadhaa kabla yako. Mbwa anayebweka ghafla huku akirudi nyuma, manyoya ya mgongo yamesimama, mkia ameufyata, anakwambia kilichoko gizani si nguruwe. Muda huo unatosha kuingia ndani, kuwasha moto, kuwaita majirani, na asubuhi kumpigia afisa wanyamapori. Simba naye hapendi kufika mahali palipokwisha amka. Ninachogombana nacho kila siku ni watu kumfunga mbwa mnyororo nje, mbali na nyumba, "alinde zizi". Mbwa aliyefungwa hawezi kukwepa, na kukwepa ndiyo silaha yake pekee. Mwache huru ndani ya ua, au umpe sehemu ya kujificha iliyoshikamana na ukuta wa nyumba. Mbuzi walale ndani ya banda lenye paa, maana ukuta peke yake chui anauruka.

Anayetaka Boerboel bado namwambia amnunue kama amempenda, lakini apige hesabu ya chakula kwanza. Mbwa wa kilo 80 hashibi makombo ya ugali, na joto la huku linamtesa. Mbwa watatu wa kienyeji wenye afya watakuamsha mapema kuliko yeye.

Liko pambano moja ambalo mbwa alimshinda simba vibaya sana, nalo halikuwa na kelele. Mwaka 1994 ugonjwa wa virusi wa mbwa uitwao distempa uliingia Serengeti na kuua karibu theluthi moja ya simba wa huko, yaani simba wapatao 1,000, na watafiti waliuhusisha na mbwa wa vijiji vinavyoizunguka hifadhi. Sisi huku tunapakana na mapori ya Msanjesi na Lukwika-Lumesule, na kwa upande wa Liwale na Hifadhi ya Nyerere, yenye mbwa mwitu wengi, nao distempa inawaua. Chanjo ya kichaa cha mbwa watu wameizoea. Ya distempa wengi hawajaisikia. Inataka kukaa kwenye ubaridi njia nzima, kwa hiyo siiagizi kwa mbwa mmoja mmoja. Mkijikusanya kitongoji kizima, niambieni wiki mbili kabla.