Tumbaku ya 1891 na ibara ya 81: Wairani na neno "emtiyaz"

Ninapoanza kufundisha Kiajemi sianzi na salamu. Naandika ubaoni sentensi moja, fatwa iliyotolewa Iran Desemba 1891: "Al-yaum estemal-e tanbaku va tutun be-ayye nahvin kan dar hokm-e mohareba ba Emam-e Zaman ast." Mswahili ambaye hajawahi kusoma Kiajemi tayari anashika maneno manne: tumbaku, hukumu, Imamu, zamani. Maana yake: leo hii, kutumia tanbaku na tutun kwa namna yoyote ile kuna hukumu ya kumpiga vita Imamu wa Zama, yaani imamu wa kumi na mbili ambaye Mashia wanaamini yuko hai mafichoni. Tanbaku ni ile ya kiko cha maji, kile ambacho siku hizi kwetu kinaitwa shisha (neno la Kiajemi pia, maana yake kioo). Tutun ni ile ya kiko kikavu. Aliyetunga sentensi hii alijua wavutaji wanavyotafuta mwanya, akaziba yote miwili.

Fatwa hiyo ilipoenea, nchi nzima iliacha kuvuta. Maduka ya tumbaku Tehran, Isfahan na Tabriz yalifunga milango. Viko viliwekwa chini hata ndani ya kasri la Naser al-Din Shah, mfalme aliyeitwa "Kibla ya Ulimwengu". Wairani husimulia kwamba shah alimkuta mkewe kipenzi, Anis al-Dawla, akiwasimamia watumishi wanaofungua viko vipande vipande, akauliza ni nani aliyeharamisha tumbaku. Mke akamjibu: ni yule yule aliyenihalalisha mimi kwako. Siwezi kuthibitisha kila neno la kisa hicho, lakini kwamba viko viliondoka kasrini, hilo wanahistoria wanakubaliana.

Kisa hiki kwa kawaida husimuliwa kama cha dini: mwanachuoni amesema, waumini wametii. Nimekisoma na kukifundisha kwa miaka mingi, na kila nikirudi kwenye karatasi za wakati ule nakutana kwanza na mkataba. Neno lenyewe ni emtiyaz, yaani haki ya pekee ambayo mtawala anamkatia mtu au kampuni, mara nyingi ya kigeni, kwa malipo. Anayetaka kuelewa kwa nini Wairani hugutuka wanaposikia serikali yao imetia saini kitu na wageni, alianze hapo. Mapinduzi ya Kiislamu ya 1979 na yale ya 1953 yaliyomwondoa waziri mkuu Mosaddegh ni vituo vya mbele katika safari hiyo hiyo.

Naser al-Din Shah alitawala kuanzia 1848, na hazina yake haikutosha jeshi, wala watumishi, wala safari zake tatu za Ulaya. Mwaka 1872 alimpa Baron Julius de Reuter haki za reli, migodi, misitu na mengi mengineyo kwa mkupuo mmoja. Makelele ya ndani pamoja na shinikizo la Urusi vilimlazimisha aufute mkataba huo mwaka uliofuata. Reuter akatulizwa mwaka 1889 kwa kupewa haki ya kufungua benki, Imperial Bank of Persia. Machi 1890 ikawa zamu ya Mwingereza mwingine, Meja Talbot. Yeye alipewa ukiritimba wa kununua, kuuza na kusafirisha nje tumbaku yote ya Iran kwa miaka 50. Shah angepata pauni 15,000 kila mwaka na robo ya faida, nayo ihesabiwe baada ya gharama zote kukatwa na wenye hisa kuchukua asilimia 5 yao.

Reuter aliuziwa vitu ambavyo havikuwapo. Reli haikuwapo. Migodi mingi ilikuwa bado mlima mtupu. Mkulima wa Fars, mkoa wa kusini, angeweza kuishi na kufa bila kujua kwamba mlima wa pili kutoka kwake umegawiwa. Tumbaku ilikuwa shambani kwake. Alikuwa akimuuzia mfanyabiashara aliyemkopesha mbegu na fedha za msimu, ambaye babake pengine alimkopesha babake. Kutoka hapo mzigo ulikwenda kwa wenye nyumbu, ukafika kwa wauzaji wa jumla wa bazari, ukashuka kwa mwenye duka dogo, ukaishia barazani na sebuleni ambako wanaume kwa wanawake walivuta kila siku. Sasa mkulima alitakiwa kuandikisha mavuno yake na kuyauza kwa kampuni moja tu. Mwenye duka alitakiwa kuomba kibali cha kuuza kitu alichokiuza maisha yake yote. Na yule mkubwa wa bazari aliyekuwa akipeleka tumbaku Istanbul aligeuzwa mtumishi au akawekwa kando kabisa. Mkataba mmoja uliwagusa wote hawa kwa mpigo, na ndiyo sababu siku ya kugoma hapakuwa na haja ya kumfafanulia mtu chochote.

Mwanzoni mkataba haukutangazwa. Wairani wengi waliujua kupitia Akhtar, gazeti la Kiajemi lililochapishwa Istanbul, nje ya mkono wa shah. Waandishi wake walifanya kazi ambayo kila mwandishi wa habari angefaa kuisoma: waliuweka mkataba wa Iran kando ya ule wa Waosmani. Waosmani nao walikuwa wamekabidhi tumbaku yao kwa kampuni ya kigeni tangu miaka ya 1880, ila walilipwa mara nyingi zaidi, na biashara ya kupeleka nje ilibaki huru. Iran ilitoa vyote viwili kwa bei ya kutupa. Hesabu hiyo ilisambaa bazarini kabla mawakala wa kampuni hawajafika.

Walipofika katika majira ya kuchipua ya 1891, Shiraz ilikuwa ya kwanza kufunga maduka, maana Fars ndiyo iliyokuwa kitovu cha kilimo chenyewe. Mhubiri wa mji, Sayyid Ali Akbar Fal-Asiri, akafukuzwa nchini. Huko Basra alikutana na mfukuzwa mwenzake, Jamal al-Din al-Afghani, aliyekuwa ametolewa kwa nguvu kwenye ziara (kaburi takatifu) ya Shah Abdol-Azim karibu na Tehran na kusukumwa hadi mpakani wakati wa baridi kali. Al-Afghani akaandika barua ndefu kwa Mirza Hasan Shirazi, mwanachuoni mkuu wa Shia wa zama zile. Agosti Tabriz ikalipuka, kisha Mashhad, kisha Isfahan.

Huyu Shirazi (mzaliwa wa Shiraz kweli, si jina la ukoo kama lilivyo kwa wengi wa pwani yetu) aliishi Samarra, Iraq, ndani ya dola ya Waosmani. Anwani hiyo ni nusu ya kisa chote. Katika Shia Ithnaasheri, muumini asiye mjuzi wa sheria humfuata mujtahidi aliye hai, yaani mwanachuoni mwenye uwezo wa kutoa hukumu mwenyewe. Anayefuatwa na wengi kuliko wote huitwa marjaa. Wasomaji wenye majirani Makhoja Ithnaasheri Zanzibar, Mombasa au Dar es Salaam watakuwa wamelisikia neno hilo. Marjaa hapokei mshahara wa mfalme. Khumsi (sehemu ya tano ya ziada ya mapato) na sadaka humfikia kutoka kwa waumini wenyewe, na waliotoa kwa wingi walikuwa wafanyabiashara wa bazari, wale wale waliokuwa wakinyang'anywa tumbaku. Tehran haikuwa na mkate wa kumnyima wala askari wa kumpelekea. Kulikuwa pia na telegrafu. Nyaya zilikuwa zimetandazwa tangu miaka ya 1860, kwa sehemu kubwa kwa sababu Waingereza walitaka London izungumze na India, na serikali ya shah ikazitumia kuwabana magavana wake. Mwaka 1891 nyaya hizo hizo zilibeba malalamiko ya mji mmoja hadi mji mwingine kwa saa chache, na Septemba mwaka huo zikabeba ujumbe wa Shirazi mwenyewe kwa shah akiupinga mkataba. Shah hakumsikiliza. Desemba fatwa ikatokea.

Wapo wanaodai kwamba fatwa ile iliandikwa Tehran na watu wa bazari pamoja na mujtahidi wa mji, Mirza Hasan Ashtiani, kisha ikapachikwa jina la mkubwa. Mjadala huo sijawahi kuuona una uzito sana. Shirazi hakuikana, alipoulizwa aliithibitisha.

Shah alijaribu ujanja wa kufuta ukiritimba wa ndani na kubakisha ule wa nje. Haukukubalika. Mapema Januari 1892 Ashtiani akapewa amri: avute kiko hadharani, au atoke Tehran. Akachagua kutoka. Watu wakaizingira nyumba yake asiondoke, bazari ikafungwa, na umati ukaelekea kasrini huku wanawake wakiwa mstari wa mbele. Askari walipiga risasi na watu wakafa. Siku chache baadaye mkataba wote ulikuwa umefutwa, na kabla mwezi haujaisha mpiga mbiu akapita mitaani kutangaza kwamba Shirazi ameruhusu watu wavute tena.

Vitabu vingi hufunga ukurasa hapo, kwa shangwe. Wanafunzi wangu huwa nawataka waufungue unaofuata, ukurasa wa deni. Kampuni ilidai fidia, ikapewa pauni 500,000. Shah hakuwa nazo. Alizikopa kwa benki ile ile ya Reuter, kwa riba ya asilimia 6, na dhamana ikawa ushuru wa forodha wa bandari za kusini. (Neno bandari tumelichukua kwao; linaniuma kidogo kulikuta hapa.) Huo ndio mwanzo wa Iran kudaiwa fedha nzito na nje. Mwaka 1900 mrithi wake, Mozaffar al-Din Shah, alikopa Urusi, na sharti mojawapo la Warusi lilikuwa kwamba Iran imalize deni la Waingereza. Dhamana ikawa tena forodha. Forodha yenyewe ilikuwa mikononi mwa Wabelgiji tangu 1898, wakiongozwa na Joseph Naus, nao wakaja na viwango vipya vya ushuru ambavyo wafanyabiashara wa Iran waliviona vinampendelea mgeni. Mwaka 1905 wafanyabiashara hao walikimbilia hifadhi kwenye ziara ya Shah Abdol-Azim wakidai Naus aondolewe. Desemba mwaka huo gavana wa Tehran akawachapa nyayo wafanyabiashara wa sukari kwa kisingizio cha bei. Kiangazi cha 1906 zaidi ya watu 12,000 walipiga kambi katika bustani ya ubalozi wa Uingereza, na madai yakawa makubwa kuliko Naus: walitaka bunge.

Waliipata Majles, na katiba ikatiwa saini tarehe 30 Desemba 1906 na mfalme aliyekuwa kitandani, siku chache kabla ya kufa. Watu huisifu kwa kumwekea shah mipaka, nami naisifu. Lakini soma ibara za 23 hadi 25. Hakuna kampuni itakayopewa haki ya pekee bila idhini ya bunge. Hakuna mkataba wa biashara, kilimo wala viwanda, wa mwananchi au wa mgeni, bila idhini ya bunge. Hakuna mkopo wa serikali, wa ndani au wa nje, bila idhini ya bunge. Kila nikizisoma namwona Talbot amesimama nyuma ya kila mstari.

Kulikuwa na mkataba mmoja uliotangulia bunge. Mwaka 1901 William Knox D'Arcy alikuwa ameshapewa mafuta ya nchi nzima, isipokuwa mikoa mitano ya kaskazini, kwa miaka 60 na asilimia 16 ya faida. Mafuta yalifoka Masjed Soleyman mwezi Mei 1908. Yaliyofuata yanajulikana zaidi, nami nayapita haraka: Reza Shah akaufuta mkataba huo mwaka 1932, mwaka 1933 akatia saini mwingine uliorefusha muda hadi 1993, na mwaka 1951 waziri mkuu Mosaddegh na bunge wakayataifisha mafuta, kisha mapinduzi ya Agosti 1953 yakamwondoa. Kuna neno moja tu nisingependa lipotee. Hasan Taqizadeh, waziri wa fedha aliyetia saini mkataba wa 1933, aliulizwa bungeni mwaka 1949 ilikuwaje. Alijibu kwamba yeye alikuwa alat-e fel, ala tu ya kutendea. Bunge lilikuwapo mwaka 1933, ibara ya 24 ilikuwapo, na idhini ilitolewa. Ila ilitolewa na watu wasioweza kukataa.

Ndipo walioandika katiba ya 1979, ambao kwa mambo mengi hawakufanana na wa 1906, wakaona idhini peke yake haitoshi. Ibara ya 81 inakataza kabisa kuwapa wageni haki za kuanzisha kampuni na taasisi katika biashara, viwanda, kilimo na madini. Ilipofika miaka ya 1990 Iran ikawa inahitaji mtaji wa visima vyake, na wanasheria wakabuni njia ya kupita kando ya ibara hiyo: kampuni ya kigeni inachimba kwa fedha yake, inalipwa gharama na ujira uliokubaliwa kutokana na mauzo, kisha inakabidhi na kuondoka bila kumiliki tone. Total ya Ufaransa ilitia saini mkataba wa aina hiyo mwaka 1995 kwa visima vya Sirri. Wataalamu wa mafuta huulalamikia utaratibu huo kuwa mgumu na usiovutia. Ni mgumu kweli. Mimi nikiusoma nauona umeandikwa na watu wanaomkumbuka mwenye duka aliyeambiwa aombe kibali.

Tarehe 27 Machi 2021 mawaziri wa mambo ya nje wa Iran na China walitia saini Tehran makubaliano ya ushirikiano ya miaka 25. Nilikuwa nafuatilia yale ambayo Wairani wenyewe walikuwa wakiandika kwa Kiajemi siku zile. Wengine waliyalinganisha na mkataba wa Turkmenchay wa 1828, ambao uliwapa Warusi ardhi ya Kaukazi. Wengine waliyatetea kwamba yataleta nafuu ya vikwazo. Wa upande huu na wa upande ule walikuwa na dai moja: matn-e qarardad, matini ya mkataba, iko wapi tuisome?