Kahawa ya barafu kwa mbegu za mabuyu

Kaskazi inapopamba moto hapa Malindi, dele langu la kahawa chungu hukaa kijiweni tangu saa nne asubuhi bila mtu kulisogelea. Wazee hurudi baada ya Alasiri. Kwa ajili ya hizo saa za katikati nilianza kutengeneza kahawa ya barafu, na baada ya kujaribu iliki, mdalasini na hata karafuu, nimetulia kwenye mbegu za mabuyu.

Wazo lilitoka mbali. Wenyeji wa asili wa Australia wamekula mbegu za migunga ya kwao tangu zama, na siku hizi hukaangwa, zikasagwa, zikatiwa kwenye kahawa na aisikrimu. (Usichume mgunga wowote wa huku ukajaribu, hata kule si kila aina inaliwa.) Sisi tuna mibuyu, na mbegu tunazitema.

Kazi yenyewe iko kwenye kuosha. Chukua mbegu za buyu ulilolipasua mwenyewe, si zile za dukani zilizopikwa kwa sukari na rangi, maana sukari itaungua kikaangoni kabla mbegu haijaiva. Loweka usiku kucha, asubuhi sugua kwa viganja mpaka unga mweupe na nyuzi zote zitoke, mbegu ibaki nyororo kama kokoto ya ufukweni. Mara yangu ya kwanza nilisuuza harakaharaka. Maziwa yakakatika mbele ya mteja, mabonge yakaelea juu ya glasi. Ubuyu ni mchachu, na uchachu haupatani na maziwa.

Anika zikauke kabisa, kisha kaanga kwa moto mdogo huku ukikoroga. Ganda ni gumu, ila ndani mna kiini chenye mafuta, na hicho ndicho chenye harufu. Zikianza kualika na kunukia kama njugu, epua. Twanga kinuni, chekecha.

Kahawa iwe nzito: vijiko vinne vya kahawa, kimoja cha mbegu, vikombe viwili vya maji. Ikishachemka iache itue, chuja kwa kitambaa, tia sukari ingali moto. Nusu yake mimi huigandisha, ndiyo iwe barafu yenyewe, kwani barafu ya maji huifanya kahawa kuwa chapwa.

Sasa tui. Wengi hutaka kasimile tupu, yaani tui zito la kwanza, nami naipenda, lakini mafuta ya nazi huganda yakishuka chini ya nyuzi 24 hivi, kwa hiyo juu ya barafu utapata chembe zinazonata midomoni. Changanya nusu kikombe cha kasimile na nusu cha maziwa, mimina kwenye ile nusu ya kahawa isiyogandishwa, ikiwa vuguvugu, funika jagi, tikisa kwa nguvu mpaka povu lipande. Ndipo utie ile barafu ya kahawa, na inywewe papo hapo.

Tui lililobaki lisilale. Pikia wali jioni hiyohiyo.