Paul Wegener: mwigizaji aliyeandikia kamera

Ninapofundisha uandishi wa miswada ya filamu, huanza na Paul Wegener, Mjerumani aliyezaliwa mwaka 1874, akaacha masomo ya sheria na kushika uigizaji, hata mwaka 1906 akajiunga na Deutsches Theater, jumba la maigizo la mwongozaji Max Reinhardt jijini Berlin. Enzi hizo waigizaji wa jukwaani wenye jina waliidharau sinema, wakiiona burudani ya mitaani tu.

Wegener aliiona vingine mwaka 1913, katika filamu ya Der Student von Prag, ambayo mswada wake uliandikwa na Hanns Heinz Ewers. Humo aliigiza mwanafunzi ambaye taswira yake inatoka kwenye kioo na kuanza kumwandama. Mpiga picha Guido Seeber aliupitisha utepe uleule wa filamu mara mbili ndani ya kamera, ili mtu mmoja aonekane akikabiliana na nafsi yake. Mwaka 1916 Wegener alieleza katika mhadhara kwamba mtunzi halisi wa filamu hana budi kuwa kamera yenyewe, na kwamba anayeandikia sinema aachane na mazoea ya riwaya na tamthilia.

Kazi inayoithibitisha kauli hiyo ni Der Golem, wie er in die Welt kam ya mwaka 1920, aliyoiandika pamoja na Henrik Galeen, akaiongoza pamoja na Carl Boese, na kuigiza mwenyewe kiumbe cha udongo ambacho Rabi Loew anakifinyanga ili kiwalinde Wayahudi wa Prague. (Yeye na Galeen walikuwa wamekwisha kuigusa hadithi hiyo mwaka 1915, ila filamu ile imebaki vipandevipande.) Kiumbe hicho hakisemi. Uhai wake umo katika nyota iliyobandikwa kifuani: ikiwekwa kinaamka, ikiondolewa kinaanguka, na mwishowe anayeing'oa ni mtoto mdogo aliyebebwa nacho mikononi, baada ya watu wazima wote kushindwa. Kisa kizima kimetundikwa kwenye kitu kimoja kinachoonekana kwa macho, na kwa maoni yangu hakuna mswada wa zama zile unaofundisha vizuri zaidi.

Miaka iliyofuata alijulikana zaidi kwa uigizaji kuliko uandishi. Chini ya Wanazi aliendelea kufanya kazi, hata akaonekana katika Kolberg, filamu ya propaganda ya mwaka 1945, doa ambalo wanaomsifu hulipita haraka mno. Septemba ya mwaka huohuo, Deutsches Theater ilipofunguliwa tena, aliigiza Nathan, Myahudi mwenye hekima katika tamthilia ya Lessing ambayo Wanazi waliizuia. Alifariki Berlin mwaka 1948.