Saladi ya bata mzinga huanza Alhamisi usiku

Ijumaa baada ya Sikukuu ya Shukrani, kila mwaka hapa Marekani, simu yangu huanza kulia alfajiri. Swali ni lile lile: "Dada, bata mzinga amelala jikoni. Nikimchemsha vizuri si anafaa saladi?"

Hafai. Mtupe.

Imani hii naijua ilikotoka. Kwetu kiporo hupashwa asubuhi, na tumekua tukiambiwa chakula cha moto kinaharibu friji. Basi bata wa kilo 7 anaachwa mezani "apoe kwanza". Hapoi! Ngozi inapoa, mfupani na kwenye mkate alioshindiliwa tumboni kunabaki vuguvugu kwa saa nyingi. Hapo ndipo bakteria aitwaye Clostridium perfringens anapostawi: mbegu zake hustahimili joto la oveni, kisha nyama ikishuka chini ya nyuzi 60 za Selsiasi zinaamka. Na wapo bakteria wengine wanaoacha sumu isiyoondoka hata uchemshe vipi. Wizara ya Kilimo ya Marekani inatoa saa 2 nje, si zaidi.

Kwa hiyo wageni wakiwa bado wanakula keki, chomoa ule mkate, bandua nyama mifupani, itandaze kwenye trei pana, funika, ingiza friji hata kama ina joto. Friji haitakufa. Mifupa ni ya supu.

Sasa ladha, maana hapa ndipo watu wanaponiudhi zaidi: usiipashe moto ndipo utie kwenye saladi. Ile harufu ya mafuta ya zamani, kama boksi lililoloa, inatokana na chuma kilichomo kwenye nyama kinachoharibu mafuta yake, na mafuta ya bata mzinga huharibika hivyo upesi kuliko ya ng'ombe. Ukipasha, unaiamsha. Nyama ikiwa ya baridi na yenye ndimu, huisikii sana.

Usikate vipande vya mraba. Chambua kwa vidole kufuata nyuzi, uchanganye paja na kidari, maana kidari peke yake ni kikavu. Nyunyiza ndimu na chumvi kwenye nyama yenyewe, uiache dakika 10 ndani ya friji kabla ya kutia kitu kingine. Hatua hii wengi wanairuka, halafu wanalalamika saladi imepooza. Kitunguu kikamue kwa chumvi na ukisuuze, kama cha kachumbari. Nyanya za Novemba huku ni maji matupu. Mimi hutia kabeji, tufaha la kijani na kotimiri. Mayonesi kijiko kimoja, na msiisingizie kuwa ndiyo inayoharibu tumbo: ile ya dukani ina siki.

Nyama inakaa siku 3 hadi 4 kwenye friji. Ya nne inaruhusiwa, lakini mimi husita. Nikiinusa naiona sawa, na najua pua haigundui bakteria hawa. Jumapili jioni iliyobaki naigandisha kwa ajili ya mchuzi.