Filamu zetu hazikuanza na Bongo Muvi

Vijana wengi ukiwauliza filamu za kwetu zimeanza lini watakutajia enzi za Kanumba. Jamani rudini nyuma zaidi, mpaka 1935, tena sio Dar, ni Vugiri, kule milima ya Usambara juu ya Korogwe.

Pale ndo ilikuwa kambi ya mradi wa kikoloni wa filamu za kufundisha watu, ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, hela zimetoka Carnegie Corporation ya Marekani, na mpaka unafungwa 1937 walishatoa filamu kama 35. Msimamizi wa utengenezaji ni Major Notcutt, huyu alikuwa meneja wa mashamba ya mkonge na tangu 1926 alikuwa na wazo la kuwaonyesha manamba (vibarua wa mashambani) sinema ili watulie kazini (hapo tu ushajua sinema ililetwa kwa shughuli gani).

Picha ilikuwa bubu, sauti iko pembeni kwenye santuri, kwahiyo filamu ileile ukiwa huku unaweka santuri ya Kiswahili, ukifika Nyasaland (Malawi ya leo) unaweka ya Kinyanja, ujanja mzuri kwelikweli ila sindano ikiruka tu maneno yanakwenda kwake na picha kwake. Waigizaji ni watu wa hapahapa. Kuna ile ya benki ya posta, jamaa anafukia hela zake chini, mwizi kamchungulia, kwisha habari, mwenzie aliyepeleka posta hela zake salama.

Miaka ya 50 mwanzoni ikaja kampuni ya Afrika Kusini, ndo tukapata Muhogo Mchungu, na humo kaigiza Rashidi Kawawa, ndiyo, huyohuyo Simba wa Vita aliyekuja kuwa waziri mkuu.

Baada ya uhuru serikali ikaanzisha Tanzania Film Company, 1968, wakatoa Fimbo ya Mnyonge ya kuhimiza ujamaa. Kwa maoni yangu hapo tuliendelea kufundishwa tu, somo ndo lilibadilika, na wakati huohuo watu wanajazana kwenye majumba ya sinema ya Dar, Avalon na Empire, kuangalia za Kihindi.

Zile za Vugiri zilizosalia ni chache mno, mojawapo imepigwa Kingolwira, Morogoro, 1936, na inatunzwa Uingereza. Kwahiyo kama babu aliacha makopo ya filamu stoo usitupe, wala usiyaweke juani, na ukifungua ukakuta harufu kali kama siki ujue utepe umeanza kuoza, usiupitishe kwenye projekta, wahi kwa watunza kumbukumbu.