Kwanini Tanzania haikimbilii mahakamani kuhusu Ziwa Nyasa

Kila mwaka nikifika kwenye mada ya mipaka, wanafunzi wangu hapa Mbeya, hasa waliotoka Kyela kule ufukweni mwa ziwa, wananirushia swali lilelile: mwalimu, kama sheria ya kimataifa ipo kweli, si twende The Hague kwenye Mahakama ya Kimataifa, ziwa ligawanywe katikati baina yetu na Malawi, yaishe? Na mi nawapa jibu ambalo halijawahi kumfurahisha mtu. Tukienda, tunaweza kushindwa.

Kabla hamjanitukana kwenye komenti, tuanze na karatasi yenyewe. Tarehe 1 Julai 1890 Uingereza na Ujerumani walisaini ule mkataba ambao Wajerumani walipewa kisiwa cha Heligoland huko kwao Ulaya na Zanzibar ikaachiwa Waingereza, na humohumo ndani wakachora mpaka wa huku kwetu. Unatoka upande wa Ruvuma, ukifika ziwani unafuata ufukwe wa mashariki, wa kaskazini na wa magharibi mpaka mdomo wa mto Songwe. Ufukwe jamani, siyo katikati ya maji. Ukiusoma hivyohivyo ulivyoandikwa, mama wa Matema kule Kyela akishuka na ndoo yake asubuhi anachota maji ya Malawi.

Darasani hapo huwa panachafuka. Ni upuuzi wa wakoloni! Sawa, ni upuuzi, ila upuuzi huo tuliukubali wenyewe. Julai 1964 pale Cairo wakuu wa OAU, Umoja wa Nchi Huru za Afrika, waliahidi kuheshimu mipaka ambayo kila nchi iliikuta siku ya uhuru wake, na aliyelipigania azimio lile mstari wa mbele alikuwa Mwalimu Nyerere. Sababu zake zilikuwa za kisiasa kabisa, kwamba kila mtu akianza kurekebisha mpaka wake bara zima litawaka moto, lakini siasa ile ikageuka kanuni ya sheria na mpaka leo mahakama zinaitumia. Halafu 1967 serikali ya Nyerere huyohuyo ikaiandikia Malawi kwamba mpaka wetu unapita katikati ya ziwa.

Ilikuwaje? Mi siamini kwamba ni ishu ya ramani peke yake. Mwaka huo ndio Banda, rais wa Malawi, alianzisha uhusiano wa kibalozi na Makaburu wa Afrika Kusini, wakati sisi tunawahifadhi wapigania uhuru, kwa hiyo ziwa likaingia kwenye ugomvi mkubwa zaidi yake. Banda naye hakukubali kushindwa maneno, Septemba 1968 akasema mpaka wa haki wa Malawi unafika maili 100 kaskazini mwa Songwe. Piga hesabu mwenyewe, hapo hata Mwanjelwa yetu hapa Mbeya mjini inakuwa Malawi.

Kitu kinachoniuma mimi zaidi ya yote hayo ni mwaka 1954. Msumbiji nao wako ufukweni mwa ziwa hilohilo, ila mpaka wao na Malawi unapita katikati. Kwanini wao waweze? Kwa sababu mwaka huo Ureno, mtawala wa Msumbiji, alikaa mezani na Uingereza, mtawala wa Nyasaland (Malawi ya leo), wakabageni. Sisi nani angetubagenia? Tanganyika ilikuwa chini ya Uingereza, Nyasaland chini ya Uingereza, yaani mtu mmoja amekaa pande zote mbili za meza, ana haraka gani ya kusawazisha mpaka. Ukitaka kujua siasa inaingiaje kwenye sheria usiangalie tu nani anaivunja, angalia nani alikuwepo inapoandikwa na nani hakuwepo.

Sasa mahakamani. Wengi hawajui kwamba mkataba huuhuu wa 1890 ulishafika The Hague. Botswana na Namibia waligombea kisiwa cha Kasikili kwenye mto Chobe (Wabotswana wanakiita Sedudu), na Desemba 1999 Mahakama ya Kimataifa ya Haki ikakipa Botswana. Majaji hawakusema hii ni takataka ya kikoloni, walikaa wakaichambua neno kwa neno mpaka Kijerumani chake. 2002 ikaja kesi ya rasi ya Bakassi, Nigeria na Cameroon, safari hii mkataba wa 1913 wa Waingereza na Wajerumani walewale. Nigeria walikuwa na watu wao pale na jeshi pale, lakini hati ikashinda. Ni kama kesi za mashamba kule Tukuyu, jirani kapanda migomba miaka na miaka halafu anatokea mwenye karatasi.

Ila angalia kilichofuata. Hukumu imetoka Oktoba 2002, jeshi la Nigeria limeondoka Agosti 2006, na hapo katikati ilibidi Kofi Annan, Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, awakalishe chini marais wao, Obasanjo wa Nigeria na Biya wa Cameroon, na mataifa makubwa yashuhudie sahihi zao. Sheria ilisema nani mwenye mali, kumtoa mtu ikawa kazi ya siasa. Na siyo kila mtu anakubali kutoka: Kenya waliikataa hukumu ya mpaka wa baharini na Somalia ya 2021, Marekani waliikataa ya 1986 waliposhindwa na Nicaragua, na Nicaragua walipoipeleka Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa Marekani haohao wakaipigia veto. Mahakama haina askari, ndio hivyo.

Na haina uwezo wa kumburuza mtu. Malawi ilishatoa tamko la kukubali mamlaka yake tangu 1966, Tanzania haijatoa, kwa hiyo 2012 ule mzozo wa leseni ya kutafuta mafuta ziwani iliyotolewa na Malawi ulipopamba moto na Malawi wakatishia kwenda The Hague, bila ridhaa yetu kesi isingeanza. Tukaenda kwa usuluhishi wa marais wastaafu chini ya Chissano wa Msumbiji, na mambo hayakuisha.

Kwa hiyo hatuna hoja kabisa? Tunazo. Kifungu cha 6 cha mkataba uleule kinaruhusu pande mbili kurekebisha mstari kwa makubaliano kulingana na mahitaji ya eneo. Kuna ramani za Waingereza wenyewe za enzi zile zilizoonesha mpaka katikati. Na maziwa yanayogawanya nchi kwa kawaida yanagawanywa hivyo, Ziwa Tanganyika ni mfano tosha. Hoja nzuri, ila mi ningekuwa wakili wa serikali ningezipeleka mezani, nisingezipeleka kizimbani.

Ndiyo maana pia serikali inabidi ipinge kila ramani inayotuweka nje ya maji, hata kama kijiweni watu wanaona ni kelele. 1962 Thailand ilipoteza hekalu la Preah Vihear kwa Cambodia kwa sababu ilikaa na ramani miaka mingi bila kulalamika. Ukinyamaza umekubali.

Kwa sasa wavuvi wa Kyela wanavua, meli zinatoka Kyela kwenda Mbamba Bay, na huko Songwe, mto unaohamahama kila mafuriko, nchi hizi mbili zina kamisheni ya pamoja ya bonde lake. Hakuna upande ulioacha dai lake. Hali hii inatufaa sisi kuliko Malawi, maana sisi maji tunayatumia na wao wana karatasi. Itatufaa mpaka siku mtu achimbe akute mafuta kweli, kwa sababu hakuna kampuni itakayomwaga mabilioni yake kwenye maji ambayo haijulikani kodi inalipwa Lilongwe au Dodoma.