Fundi wa mpira si lazima awe kocha

Barazani Mombasa, timu ikifungwa mechi mbili tatu, dawa huwa ni ile ile: "Mleteni fulani! Alikuwa fundi yule, atawafundisha." Hapo ndipo tunapokosea.

Fundi hufanya mengi bila kuyafikiria. Mwambie aeleze anavyompiga beki chenga, atakwambia "fanya hivi", kisha auchukue mpira afanye mwenyewe. Kijana atapiga makofi, lakini hajajifunza kitu. Kocha humsimamisha, akamgeuza bega lielekee upande ulio wazi kabla pasi haijafika, akamwonyesha mguu wa kupokelea, wakarudia mpaka jua lizame.

Thierry Henry, mshambuliaji nyota wa zamani wa Ufaransa, alipewa kuifundisha klabu ya Monaco Oktoba 2018; Januari 2019 alishatimuliwa. Kocha Mwitaliano Arrigo Sacchi, kwa upande wake, hakuwahi kucheza soka ya kulipwa, na AC Milan yake ikabeba Kombe la Ulaya 1989 na 1990.

Si kwamba ufundi wa mguuni ni bure. Bernard Mwalala alikuwa mshambuliaji wa Yanga ya Tanzania na Harambee Stars, timu ya taifa ya Kenya, lakini hakutoka uwanjani akaangukia ukocha wa Bandari, klabu ya Mombasa, moja kwa moja. Alifundisha klabu ya Nzoia Sugar kwanza. Mwaka 2019 Bandari yake ikatwaa Ngao, kombe la mtoano la Kenya, na kumaliza ya pili ligini, ikapata tiketi ya Kombe la Shirikisho Afrika. Wapo wanaosema kilichombeba Mwalala ni jina tu. Haya, jina huwanyamazisha wachezaji wakakusikiliza, pengine wiki mbili. Baada ya hapo wanataka waambiwe kwa nini jana walifungwa kwa kona.